Nyumba ya Baba Isiuzwe Kesi Ikiwa Bado Tribinali

(Muziki wa kufungulia, sekunde 15, kisha unashuka polepole.)

MTANGAZAJI: Wengi mmetuuliza swali moja kwa njia mbalimbali: “Ndugu yetu aliyebaki Kongo anataka kuuza parseli ya marehemu baba. Sisi tumeshtaki ili urithi ugawanywe. Je, anaweza kuuza wakati kesi haijaisha?” Leo tuko na mwanasheria atakayetueleza. Maître, karibu.

MZUNGUMZAJI: Asante sana. Nawasalimu nyote, akina baba na akina mama, na ninyi vijana mliofika kambini mkiwa mmebebwa mgongoni, ambao leo mnasikia kwamba huko nyumbani mna parseli msiyowahi kuiona kwa macho.

Nitaanza na mfano. Si habari ya familia fulani; nimeutunga ili tuelewane. Mzee mmoja alikuwa na parseli Uvira. Ndani yake kuna nyumba ya matofali ya vyumba vinne, na nyuma kuna vijumba viwili vya kupangisha. Mzee alikuwa na watoto sita. Vita vilipokuja, watatu walivuka Ziwa Tanganyika wakafika Kigoma, na kutoka hapo wakapelekwa Nyarugusu. Mmoja alikwenda Lubumbashi. Kaka mkubwa na mdogo wake wa mwisho walibaki. Kisha mzee akafariki. Kaka akawa anakusanya kodi ya wapangaji. Miaka ikapita. Dada aliye kambini akaomba urithi ugawanywe, kaka akakataa, na kesi ikafunguliwa.

Basi usiku mmoja simu ikaita kambini. Ni jirani wa zamani: “Dada, leo nimeona watu wanapima parseli yenu kwa kamba. Wanasema kuna mtu amekwisha kutoa pesa ya kwanza.”

Dada afanye nini? Kesi iko tribinali, lakini tarehe ya kusikilizwa bado mbali. Yeye hawezi kupanda mashua kesho akaenda kusimama mlangoni. Hiyo ndiyo hali tunayoizungumzia leo.

Jambo la kwanza ni kujua mali ni ya nani.

Katika Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo tunayo Sheria ya Familia ya tarehe 1 Agosti 1987, iliyorekebishwa na sheria ya tarehe 15 Julai 2016. Sheria hiyo inasema warithi wa daraja la kwanza ni watoto wa marehemu: waliozaliwa katika ndoa, waliozaliwa nje ya ndoa ambao baba aliwatambua kisheria akiwa hai, na wale aliowalea kwa hati ya kisheria kama watoto wake. Watoto hao wanapata robo tatu ya urithi, na wanagawana sawasawa. Msichana na mvulana, sawa. Aliyebaki na aliyekimbia, sawa. Mtoto akiwa amekwisha kufa, watoto wake wanasimama mahali pake.

Robo inayobaki ni ya daraja la pili, ambamo wamo mjane au mgane, wazazi wa marehemu, na ndugu zake.

Nataka akina mama wajane wanisikilize hapa. Kabla ya kuhesabu urithi wa baba, lazima kwanza kutenganisha kilicho cha mama mwenyewe. Kama ndoa yao ilikuwa ya kisheria na hawakuchagua utaratibu mwingine wa mali, vile walivyovichuma pamoja ni vya wote wawili. Nusu ya mama si urithi; ni mali yake. Tena, juu ya nyumba waliyokuwa wakiishi, sheria inampa mjane haki ya kuendelea kukaa humo na kuitumia. Kwa hiyo hata watoto wote wakikubaliana kuuza, hawawezi kumtoa mama nje kama wanavyotoa gunia.

Tumekwisha kusikia watu wakisema, “Kwetu msichana harithi,” au “Aliyekimbia nchi amepoteza.” Sheria haisemi hivyo. Kuwa mkimbizi hakufuti jina lako katika familia yako. Katiba yetu ya 2006, katika kifungu cha 34, inasema mali ya mtu ni takatifu, na dola inalinda mali iliyopatikana kwa sheria au kwa mila. Kifungu hicho hakikuwatoa wale waliolala upande wa pili wa mpaka.

Jambo la pili: je, kaka mkubwa anaweza kuuza peke yake?

Watu wengi huniambia, “Lakini kaka ndiye likidateri.” Ni kweli, sheria inasema urithi usio na wasia unasimamiwa na mrithi mkubwa, na akikataa, na yule ambaye warithi wanamteua. Kwa desturi baraza la familia hukaa, likaandika PV, na tribinali ikathibitisha. Lakini likidateri si mwenye mali. Kazi yake ni kujua warithi ni nani, kutunza mali, kulipa madeni ya marehemu, kugawa, na kutoa hesabu. Mchungaji aliyepewa ng’ombe wa familia awachunge hakupewa ruhusa ya kuwapeleka sokoni.

Mali ikiwa haijagawanywa, ni ya wote. Kila mrithi ana sehemu, lakini hakuna anayeweza kunyoosha kidole na kusema, “Chumba hiki ni changu, jikoni ni kwako.” Kuuza parseli nzima kunahitaji wote wakubali. Sheria ya mikataba ya Kongo, ambayo ni ya tangu 1888, inasema wazi katika kifungu cha 276: kuuza kitu cha mtu mwingine ni batili. Na mtu anayeuza nyumba au kiwanja akijua kwamba si chake, anaweza kushtakiwa kwa kosa la jinai. Huko kwetu kosa hilo linaitwa stelionati.

Sasa mtaniuliza: kama ni batili, kwa nini tuogope? Aache auze, tutashinda.

Hapana. Msiseme hivyo. Hapo ndipo wengi wamepotezea nyumba.

Jambo la tatu, na hili ni la kushika: kesi peke yake haifungi mlango.

Unapofungua kesi ya kugawa urithi, karatasi yako inakaa katika faili tribinali. Haitembei yenyewe hadi ofisi ya ardhi. Konservateri wa hati za ardhi hajui kwamba kuna ugomvi mpaka aambiwe. Mnunuzi hajui. Chifu wa mtaa pengine hajui, au anajua na ananyamaza. Katika nafasi hiyo, kaka anaweza kuandika mkataba wa kuuza, mnunuzi akaupeleka ofisi ya ardhi, na cheti kipya kikatoka kwa jina la mgeni.

Na cheti hicho kina nguvu. Sheria ya ardhi ya tarehe 20 Julai 1973 inasema ardhi yote ni ya dola, na mtu anapewa haki ya kuitumia; haki hiyo inathibitishwa na cheti cha kuandikishwa. Kifungu cha 227 kinakipa cheti uzito wa ushahidi kamili. Baada ya miaka 2, kukivunja kunakuwa vigumu sana, na mara nyingi kinachobaki ni kudai fidia tu kwa aliyekosea. Fikirini: umeshinda kesi, umepewa haki ya kudai pesa kwa kaka, na kaka pesa amekwisha kuzila. Wahenga walisema, chelewa chelewa utamkuta mwana si wako.

Kwa hiyo usingojee hukumu ya mwisho. Omba tribinali ilinde mali wakati kesi inaendelea.

Jambo la nne ni namna ya kuomba.

Tunaomba uamuzi wa muda, unaotolewa kabla ya hukumu ya mwisho. Uamuzi huo hausemi nani ameshinda. Unasema tu: mali ibaki ilivyo, isiuzwe, isibomolewe, isiwekwe rehani, mpaka tumalize kusikiliza. Pia tribinali ina uwezo wa kuiweka mali inayogombaniwa chini ya sekestri. Maana yake, mtu anayeaminika anapewa mali aitunze, na kodi za wapangaji zinawekwa mahali pamoja hadi mwisho wa kesi. Hii inafaa hasa pale ambapo mmoja anakusanya kodi na haonyeshi hesabu.

Ili tribinali ikubali, avoka wako atapaswa kuonyesha mambo matatu. La kwanza, kwamba una haki juu ya mali hiyo: wewe ni mtoto, mjane au mjukuu, na mali ilikuwa ya marehemu. La pili, kwamba hatari ipo kweli: ujumbe wa simu, nakala ya mkataba, picha ya watu wanaopima, au jirani aliye tayari kusema alichokiona. Kusema “namjua kaka yangu” hakutoshi. La tatu, kwamba mali ikiuzwa, madhara yatakuwa magumu kurudisha.

Mtauliza, tribinali ipi? Ugomvi wa urithi na wa familia huanzia Tribinali ya Amani, ile watu wanayoiita Tripaix. Hapo pia ndipo panapopelekwa ugomvi wa mashamba yanayoshikwa kwa mila, kwa mfano shamba mlilopewa na chifu au mwami. Lakini ugomvi ukigusa parseli yenye cheti cha kuandikishwa, unaweza kwenda Tribinali Kubwa, ile ya TGI. Msipoteze miezi kwa kugonga mlango usio wenu. Muulizeni avoka kabla ya kulipa chochote.

Jambo la tano: uamuzi ukitoka, utembee.

Wengine hupata uamuzi mzuri, wakauweka ndani ya mfuko wa plastiki chini ya godoro. Uamuzi uliolala chini ya godoro haumzuii mtu. Hakikisheni umepelekwa na huissier wa tribinali kwa kaka mwenyewe, kwa konservateri wa hati za ardhi, na kwa mnunuzi ikiwa anajulikana. Pelekeni nakala pia kwa chifu wa mtaa na chifu wa avenyu, kwa sababu mara nyingi watu huenda kwao kutafuta muhuri au mashahidi wa mauzo. Kila anayepokea atie sahihi na tarehe kwenye nakala yenu. Mnunuzi aliyetia sahihi hawezi kesho kusema, “Mimi sikujua.”

Hata kabla ya uamuzi kutoka, avoka anaweza kumwandikia konservateri barua ya kupinga, kumjulisha kwamba parseli ina ugomvi, na kuomba asibadilishe jina. Barua hiyo ina muda wake, haikai milele, kwa hiyo lazima kesi iifuate haraka.

Wengi wenu mnakumbuka yale maandishi makubwa ya rangi kwenye kuta za mijini kwetu: “Parseli hii haiuzwi.” Si uamuzi wa tribinali, na hayana nguvu ya uamuzi. Lakini yanamwonya mnunuzi na yanawaamsha majirani. Kama mna ndugu pale anayeweza kuandika bila kuhatarisha usalama wake, si vibaya. Ila usimtume mtoto wa watu apigane kwa ajili ya ukuta.

(Muziki mfupi, sekunde 8.)

Jambo la sita ni lenu hasa, ninyi mlioko kambini. Utafanyaje haya yote ukiwa mbali?

Si lazima uende mwenyewe. Unaweza kuwakilishwa na avoka, au na mtu unayemwamini aliyepewa hati maalumu ya uwakilishi, ile tunayoiita prokirasio. Neno “maalumu” lina uzito. Andika mali ni ipi, iko wapi, na mwakilishi anaruhusiwa kufanya nini: kufungua kesi, kuomba mali ilindwe, kupokea barua. Andika pia asiloruhusiwa. Mimi nawashauri muweke mstari huu: “Haruhusiwi kuuza, kutoa, wala kuweka rehani.” Nimeona prokirasio iliyoandikwa “afanye yote kwa niaba yangu,” na hayo yote yakawa ni pamoja na kuuza.

Hati hiyo ithibitishwe na mwanasheria au ofisi yenye mamlaka katika nchi uliyomo. Hapa nasimama kidogo. Kabla hujaenda ubalozi wa nchi yako kutafuta muhuri, na kabla hujarudi nyumbani hata kwa siku mbili kufuatilia kesi, zungumza kwanza na ofisi ya ulinzi ya UNHCR au shirika la msaada wa sheria kambini mwako. Mkataba wa Wakimbizi wa 1951 unasema mtu aliyejirudisha mwenyewe kwa hiari chini ya ulinzi wa nchi yake anaweza kuacha kuhesabiwa kuwa mkimbizi. Sisemi kwamba muhuri mmoja unakuondolea hadhi. Nasema uliza kwanza, kwa sababu nyumba ni kitu kikubwa, lakini usalama wako na wa watoto wako ni mkubwa zaidi. Huduma hizo za kambini ni za bure. Mtu akikuomba pesa ili akuandikie jina kwenye orodha ya msaada wa sheria, usimpe, na umtaje.

Kusanyeni karatasi. Cheti cha kuandikishwa kama kipo. Kama hakipo, fishi ya parseli, mkataba wa upangishaji wa ardhi ya dola, risiti za kodi ya ardhi, barua ya chifu, hata picha ya zamani ya familia mbele ya nyumba. Cheti cha kifo cha mzee. Vyeti vya kuzaliwa. PV ya baraza la familia. Mkiwa mlikimbia mikono mitupu, andikeni majina ya majirani wa pande zote nne na miaka mliyoishi pale. Hao ni mashahidi. Karatasi mliyo nayo ipigeni picha, mmpelekee ndugu mwingine picha hiyo, maana mvua ikiingia kwenye hema haichagui.

Kuna hatari nyingine. Kaka naye anaweza kukushtaki wewe. Akisema tribinali kwamba hajui unakoishi, sheria inaruhusu wito ubandikwe kwenye mlango wa tribinali. Wewe uko Nakivale, karatasi iko mlangoni Uvira. Siku ya kesi hutokei, na hukumu inatoka bila wewe kusikilizwa. Ndiyo maana ni muhimu tribinali ijue mahali ulipo na ijue avoka wako. Na ikiwa hukumu imekwisha kutoka, usikate tamaa, lakini kimbia. Hukumu iliyotolewa ukiwa hukutokea ina njia ya kuipinga, na njia hiyo ni ya siku chache, si miezi. Kama hukuitwa kabisa katika kesi hiyo, na hukumu inagusa haki yako, ipo njia nyingine ya mtu wa tatu kuipinga. Siku unayosikia habari ndiyo siku ya kumtafuta mwanasheria, wala si baada ya mgao wa chakula.

Mahali ambapo tribinali hazifanyi kazi kwa sababu ya vita, wekeni ushahidi wenu tayari na andikeni tarehe ya kila mnachosikia. Msinunue, msiuze, msitie sahihi katika haraka. Nchi za Maziwa Makuu, Kongo ikiwemo, zilikubaliana mwaka 2006 katika Itifaki juu ya haki za mali za watu wanaorudi, kwamba mali ya waliokimbia ilindwe na migogoro yao itafutiwe suluhisho. Ahadi hiyo haijatimia kila mahali, mnajua ninyi kuliko mimi. Lakini ni neno la serikali zenyewe, na lina nafasi katika madai yenu.

Jambo la saba. Sasa nataka niseme kwa ajili ya kaka.

Tumemsema sana, naye pengine anasikiliza, maana redio haina mpaka. Huyu kaka alibaki. Aliona usiku ambao sisi hatukuuona. Alizika mzee peke yake. Alirudisha mabati yaliyoibiwa, alilipa kodi ya ardhi, aliwafukuza watu waliotaka kuivamia parseli. Watoto wake wanataka shule. Anaposikia kwamba ndugu zake wameleta kesi, moyo wake unasema: “Walikuwa wapi?”

Kaka, uchungu wako una mahali pake katika sheria. Kila ulichotumia kuitunza mali unaweza kukiweka kwenye hesabu na kudai urudishiwe kabla ya mgawanyo. Leta risiti, leta mashahidi. Lakini nawe kodi ulizokusanya ziwekwe kwenye hesabu hiyo hiyo. Na kama kuna sababu ya kweli ya kuuza, kwa mfano deni la marehemu, au nyumba inaanguka, usiuze kwa siri. Iombe tribinali, au wapigie ndugu zako simu wote. Mauzo waliyoyakubali wote kwa maandishi, au yaliyoruhusiwa na tribinali na pesa kuwekwa mahali salama, hayo hayana mtu wa kuyalalamikia baadaye.

Wahenga walisema: ndugu wakigombana, chukua jembe ukalime, wakipatana, chukua kapu ukavune. Katika hizi kesi, nimemwona mvunaji mara nyingi, naye hakuwa mmoja wa ndugu.

Kumbukeni pia kwamba uamuzi wa kuzuia mauzo si mwisho wa safari. Hakuna anayelazimishwa kubaki katika mali ya pamoja milele. Mwishoni tribinali itagawa. Kama parseli inakatika vizuri, kila mmoja apate kipande. Kama haikatiki, mmoja anaweza kuichukua na kuwalipa wengine sehemu zao. Na ikishindikana, tribinali inaweza kuagiza iuzwe kwa njia ya wazi na pesa igawanywe. Kwa hiyo tofauti si kwamba nyumba haitauzwa kamwe. Tofauti ni kwamba ikiuzwa, iuzwe mbele ya macho ya wote, na sehemu ya aliye kambini ihesabiwe.

Tena mlango wa mapatano hauko kinyume na kesi. Mkipatana katikati, andikeni, wote mtie sahihi, na avoka auombe tribinali iyathibitishe mapatano hayo. Yakithibitishwa yanapata nguvu ya hukumu.

Jambo la mwisho ni kwa wanunuzi. Wengi wenu humu kambini mnaweka akiba kidogo kidogo, mnatuma kwa simu, mnunue kiwanja nyumbani kwa ajili ya siku ya kurudi. Ni vizuri. Lakini mkiambiwa, “Ni cha urithi, kaka mkubwa anauza, bei ni nzuri, harakisha,” msiharakishe. Ulizeni: warithi wangapi? Wote wako wapi? PV iko wapi? Mjane yupo? Mtumeni mtu aende ofisi ya ardhi na tribinali aulize kama kuna ugomvi. Mwambieni azungumze na jirani wa kushoto na wa kulia. Bei inapokuwa chini mno, pengine ni kwa sababu nusu ya wenyewe hawajaambiwa. Pesa yako ya miaka kumi isije ikamlisha wakili wa kesi isiyokuhusu. Na huyo dada aliyepigiwa simu usiku, kesho anaweza kuwa ni jirani yako wa hema.

Nirudi kwake. Asubuhi afanye nini? Ampigie avoka, aeleze alichoambiwa na jirani. Amwombe jirani aandike alichoona, siku na saa. Awapigie ndugu wa kambini na yule wa Lubumbashi, waseme neno moja. Avoka amwandikie konservateri siku hiyo hiyo, na apeleke tribinali ombi la kuzuia mauzo. Na jioni, akipata nguvu, ampigie kaka mwenyewe. Asimtukane. Amwambie: “Kaka, tumesikia. Tumeomba tribinali isimamishe. Hatutaki kukufukuza. Tunataka tuhesabu pamoja.”

Huenda kaka atakata simu. Lakini atakuwa amesikia, na mlango utakuwa umefungwa kwa ufunguo wa sheria, si kwa panga.



MTANGAZAJI: Asante, Maître. Wasikilizaji, tumesikia: mali ya urithi ni ya warithi wote, kesi peke yake haizuii mauzo, ombeni ulinzi mapema, na mkiupata, upelekeni kwa kila anayepaswa kuujua. Wenye vikundi vya kusikiliza, jadilianeni swali hili: katika familia zetu, ni nani aliyeshika karatasi za parseli, na sisi wengine tuna nakala? Mtutumie majibu yenu kupitia wawakilishi wa vikundi. Hadi wiki ijayo, mlale salama.

(Muziki wa kufungia.)